Hakuna Kumwamkia Marehemu

"Hakuna kumwamkia marehemu!"

Hiyo ndiyo ilikuwa amri ya kwanza ya Bwana Sinema, na aliitoa kila asubuhi kabla hajafungua begi la kamera. Aliwaambia waigizaji, aliwaambia watoto waliojazana langoni, aliwaambia akina mama waliokuwa wakipita na matenga ya zabibu kichwani. Siku moja nilimsikia akiwaambia hata mbuzi wa jirani. Na kila siku, bila kukosa, mtu alimwamkia marehemu, na marehemu akaitikia.

Mpaka leo nikikumbuka nacheka peke yangu kwenye cherehani, wateja wananishangaa.

Tulimwita Bwana Sinema kwa sababu ya gari. Zamani serikali ilikuwa na magari ya kuonyesha sinema vijijini, na yeye ndiye aliyekuwa akiendesha moja huku kwetu, akitandaza shuka jeupe ukutani na kuwaambia watu wa mbele wakae chini. Ikaja miaka ya ruksa, biashara ikafunguliwa, gari likapandishwa juu ya mawe, naye akapunguzwa kazini. Wenzake waliopunguzwa siku ile waliingia kwenye mitumba. Yeye alinunua kamera ya video, ile kubwa ya kubeba begani, akawa anapiga harusi na kipaimara. Lakini harusi zilimchosha. "Najua zitakavyoisha kabla hazijaanza," alilalamika. Akaamua kutengeneza sinema ya kuchekesha yenye mzuka ndani yake, hapa hapa Dodoma, kwa watu wa hapa hapa. Aliiita Marehemu Hajambo. Zilitoka tatu. Kama uliishi mjini miaka ile, ukapita nje ya kibanda cha video ukasikia watu wote wanaitikia kwa pamoja "Marahabaaa!" mpaka mabati yanatikisika, basi ulikuwa unasikia kazi yetu.

Nasema yetu kwa sababu mzuka huyo nilimvisha mimi.

Bwana Sinema alikuja kwetu Chang'ombe akitafuta mtu mwenye cherehani. Mama alikuwa ametuachia moja ya kukanyaga kwa miguu, na baba alimfuata mama kabla mwaka haujaisha. Nilikuwa kidato cha pili. Niliacha shule nikakalia kiti cha mama. Nyuma yangu walikuwa wawili: Yona, aliyekuwa na miaka kumi na mitatu, na Seche, miaka saba. Siku ya kuanua matanga ndugu walikaa kikao wakaamua tugawanywe. Yona aende kwa shangazi Singida, Seche aende kwa baba mdogo Mvumi, mimi nitafutiwe mume. Nilisimama mbele ya wazee nikasema hapana. Baba mdogo ndiye aliyenijibu.

"Mwaka mmoja," alisema. "Ukiisha, nitakuja mwenyewe kumchukua huyu mdogo. Labda nione kitu cha kunibadilisha mawazo."

Kwa hiyo kila nilichoshona mwaka ule, nilishona sikio langu likiwa langoni.

Siku ya kwanza Bwana Sinema alisimama mlangoni, akatazama ndani, na kabla hajataja shida yake akauliza, "Mko wangapi?"

"Watatu."

"Endeleeni," akasema, akaingia.

Tangu hapo hakuna siku aliyovuka kizingiti chetu bila kuuliza swali hilo. Aliuliza kama watu wengine wanavyouliza umeamkaje. Nikijibu "Watatu," anasema "Endeleeni," kisha anaanza kugomba kuhusu betri.

Maana alikuwa mgomvi, tena mgomvi hasa. Betri ya kamera ile ilidumu nusu saa, na nusu saa hiyo ilimfanya awe mtu mwingine. "Betri inaisha, heshima baadaye!" alipiga kelele kwa mtu yeyote aliyesimama kusalimiana. Lakini Seche akipita mbele ya kamera na kidumu cha maji, akiharibu kila kitu, yeye alingoja mpaka apite, akimsindikiza na kamera taratibu. "Huyo anaishi hapa," alisema. "Sisi ndio wageni."

Na tangu siku ile ya kwanza alinikataza kitu kimoja. Nilimwambia shikamoo, akakunja uso kama aliyelambishwa ndimu.

"Mimi bado kijana, fundi. Niulize habari za kazi, inatosha."

Kijana! Alikuwa na mvi kichwa kizima. Alizipaka piko kila Jumamosi, na ikifika Jumatano zimeshachungulia chini, nyeupe kama pamba. Watu walimwamkia njiani, yeye akajibu "Safi tu!" Sikuwahi kumsikia akisema marahaba, yeye ambaye alilifanya neno hilo kuwa maarufu mji mzima.

Ngoja nieleze lilivyopata umaarufu, maana hapo ndipo raha yote ilipo.

Aliyeigiza mzuka alikuwa mzee mmoja tuliyemwita Babu wa Zuzu. Alikuwa amestaafu reli, ambako kwa miaka yote alisimama stesheni ya Zuzu na bendera, nyekundu mkono huu, kijani mkono huu. Mrefu, mtaratibu, uso wa mtu wa kuheshimiwa. Bwana Sinema alimchagua kwa ajili ya uso huo, na uso huo ndio uliotutesa. Siku ya kwanza Yona alitakiwa kutoka nyuma ya nyumba, amwone marehemu, apige ukelele na kukimbia. Yona akatoka, akamwona, akasimama wima mikono nyuma.

"Shikamoo babu."

"Marahaba, mjukuu wangu," akasema marehemu. "Hujambo?"

"Kata!" Bwana Sinema alirusha kofia chini. "Amekufa! Yona, huyu mtu amekufa! Tulimzika Jumanne!"

Wakarudia. Yona akatoka, akakumbuka kupiga ukelele, kisha katikati ya ukelele shikamoo ikamponyoka tena mdomoni. Wakarudia. Mara hii Yona alikaza meno, lakini nyuma yake mama mmoja muuza mchicha akachungulia langoni na kusema, "Shikamoo mzee, mbona umechafuka unga?" Na Babu wa Zuzu, kwa upole wote, "Marahaba mwanangu, ni kazi tu."

Walirudia mara saba. Ya saba, jirani yetu aliyekuwa amejitolea kuigiza mwizi alimsalimia marehemu kwa Kigogo, "Mbukwa!", na babu akaitikia, akauliza habari za mke, za watoto, za ng'ombe, za mvua ya Mvumi. Kigogo hakina haraka katika mambo hayo. Bwana Sinema hakusema kata. Nilidhani amezimia kwa hasira. Kumbe alikuwa amekaa juu ya debe, jicho kwenye kamera, mabega yanatikisika. Alikuwa anacheka mpaka machozi yanatiririka na piko.

"Tuache," alisema alipopata pumzi. "Hiyo ndiyo sinema yenyewe. Nimepita vijiji vyote na lile gari, nikawaonyesha watu mizuka ya Ulaya inayokimbiza watu. Mzuka wa hapa hawezi kukimbiza mtu aliyemwamkia!"

Tangu siku ile, marehemu wa kwenye sinema alipata tabia yake. Anatoka kaburini amejaa hasira aje kuwatisha waliobaki. Anayewahi kusema shikamoo anapona, kwa sababu marehemu ni mtu mzima mwenye adabu, lazima aitikie, na akishaitikia lazima aulize habari za nyumbani, na habari za nyumbani haziishi. Akifika kwenye habari za mbuzi, jogoo anawika, anatakiwa kurudi. Wale wakorofi tu, wasioamkia wakubwa, ndio walioonja joto la jiwe. Na swali lake la kwanza baada ya marahaba, Bwana Sinema alilichukua mlangoni kwetu: "Mko wangapi?"

Amri ilibaki palepale hata hivyo. Alitaka watu wamwamkie marehemu pale alipoandika yeye, si kila dakika.

Usiku wa kwenye sinema tuliutengeneza mchana. Tulifunika madirisha kwa mablanketi, tukaacha tundu moja, na juu ya tundu Bwana Sinema akabandika nailoni ya buluu. Nailoni hiyo niliivua kwenye daftari langu la Jiografia. Nilisita kidogo, kisha nikaivua. Jua la Dodoma likapita kwenye Jiografia yangu, na chumba kizima kikawa usiku wa mbalamwezi. Niliona uzuri ule nikasahau kuhuzunika.

Ili marehemu aelee bila kukanyaga chini, alimpandisha nyuma ya baiskeli, Yona akaisukuma taratibu upande wa pili wa ua wa minyaa. Wewe uliye huku unaona kiwiliwili tu kinateleza juu ya majani, hakuna hatua, hakuna kutikisika. Kila mara alituonya tusiguse matawi, maana utomvu wa minyaa ukiingia jichoni utalia wiki nzima. Weupe wa uso ulikuwa unga wa mtama, na mbuzi wakajua. Katika sehemu ya kwanza, ukitazama vizuri, utaona mzuka anatoa hotuba nzito huku mbuzi anamlamba kisigino. Kila mtu alimwambia akate kipande hicho.

"Sikati," alisema. "Kanda ni kanda." Hakuwa mtu wa kutupa hata kipande cha urefu wa kidole. Kamera yenyewe niliishonea koti la khanga kwa ajili ya vumbi, na kipaza sauti kikavaa soksi kwa ajili ya upepo.

Mtu huyo wa mizuka aliogopa makaburi. Tukielekea mahali pa kupiga picha na njia ikakatiza makaburini, yeye alizunguka kwa mbali, amevua kofia. "Tunawatania waliobaki," alituambia. "Waliokwenda hatuwatanii." Sikujua uzito wa maneno hayo mpaka siku ya koti.

Koti lilikuwa la baba. Lilining'inia msumarini tangu alipoondoka. Bwana Sinema aliliona tukianza sehemu ya pili, akaniuliza kama marehemu anaweza kulivaa, na akaongeza kwamba nikikataa hatauliza tena. Nilifikiri nondo watalimaliza bure. Nikalishusha, nikalegeza mishono ya mabegani, Babu wa Zuzu akalivaa. Lilimkaa kama lake.

Siku hiyo tulikuwa sebuleni kwetu. Mablanketi madirishani, mwanga wa buluu, marehemu kwenye kiti. Yona yuko chini ya meza na kipaza sauti. Mimi nimesimama kando nimeshika kioo cha kabati, namulika uso wa babu. Aliyeigiza mwizi alitakiwa abishe hodi, aingie, ashangae. Watoto wa nje walishaambiwa wafunge midomo.

"Hodi," ikasikika.

"Karibu," akasema marehemu kwa sauti yake ya kaburini.

Mlango ukafunguka, akaingia baba mdogo.

Mwaka ulikuwa umetimia, nami kwa pilikapilika za sinema nilikuwa nimeacha kusikiliza lango. Alitoka kwenye jua kali, akaingia kwenye buluu ile, mkononi ana mfuko mtupu wa kubebea nguo za Seche. Macho yake yalitua kwenye koti. Mfuko ukadondoka.

"Shikamoo kaka," alisema.

Babu wa Zuzu hakuwahi kumwona mtu huyo. Alidhani ni mwigizaji mpya. "Marahaba, mdogo wangu," akaitikia. "Mko wangapi?"

Baba mdogo akapiga magoti. "Watatu, kaka. Watoto wote watatu wapo. Sijawagawa."

Nikaendelea kumulika.

"Huyu mkubwa anashona," akaendelea, haraka haraka kama mwanafunzi mbele ya mwalimu mkuu. "Wa kati anasoma. Huyu mdogo nilitaka tu nikae naye kidogo kule Mvumi, nione kama... Lakini kama hutaki, kaka, basi. Mimi na wewe hatujawahi kugombana."

Babu wa Zuzu alikuwa mtu wa reli. Bila ishara hasimami. Hakusikia kata, kwa hiyo akaendelea na salamu kama ilivyoandikwa. "Na mbuzi je, wazima?"

"Mbuzi..." Baba mdogo aliinamisha kichwa. "Wawili niliwauza, kaka. Nisamehe."

Chini ya meza Yona akatoa sauti, sijui ya kicheko au ya kilio. Nikageuka kumtazama, mwanga wa kioo ukaruka ukutani.

"Kata," akasema Bwana Sinema. Polepole sana. Sijawahi kumsikia akiita kata kwa sauti ile.

Nikavuta blanketi. Jua likaingia, na baba mdogo akaona yote: unga usoni kwa mzee asiyemjua, soksi kwenye kipaza sauti, kamera ndani ya khanga. Babu wa Zuzu aliruka kutoka kitini, akavua koti. "Nisamehe, bwana. Wallahi nilidhani wewe ni mwenzetu."

Baba mdogo alisimama akijipangusa magoti. Uso ulikuwa unabadilika, aibu ikigeuka kuwa kitu kingine. "Mnamchezea ndugu yangu," alisema. "Ndani ya nyumba yake. Seche! Kakusanye nguo zako."

Seche akanitazama. Nikasema, "Baba mdogo, nisikilize..." Hakunisikiliza. Seche akaenda chumbani.

Hapo Bwana Sinema akabonyeza kamera, ikafunguka, akatoa kanda. Akaishika kwa mikono miwili, akamsogezea.

"Chukua."

"Ya nini?"

"Haina nakala. Humu umeamkiana na kaka yako. Hiyo siyo sinema, siwezi kuwaonyesha watu. Ni yako."

Baba mdogo aliitazama kanda ile kama kitu cha moto. "Na mtoto je? Nikisema naondoka naye?"

"Hilo umeshamjibu kaka yako," akasema Bwana Sinema. "Mimi sina la kuongeza."

Mbuzi alilia nje. Baba mdogo akachukua kanda, akaiweka ndani ya mfuko aliouleta kwa ajili ya nguo. Seche alikuwa amerudi, amebeba gauni mbili na kandambili zake.

"Rudisha," akamwambia. "Rudisha nguo zako, mwanangu. Nipe maji ya kunywa kwanza."

Alikunywa, akaaga kila mtu kwa mkono, hata marehemu, akaondoka. Hakuzungumzia tena habari ya kutugawa, si siku ile, si mwaka uliofuata.

Bwana Sinema alikaa juu ya debe lake. "Fundi," aliniambia, "nimempa yule bwana kipande kizuri kuliko vyote nilivyowahi kupiga na nitakavyowahi kupiga." Akashika kichwa. Nilianza kumshukuru, akanikatiza. "Mwizi yuko wapi? Rudisheni blanketi! Betri inaisha! Na hakuna kumwamkia marehemu!"

Sehemu ya tatu ilipokwisha, Babu wa Zuzu alifariki. Tulikwenda kumzika, na Bwana Sinema, aliyeogopa makaburi, alisimama karibu kabisa na kaburi mpaka udongo wa mwisho. Baada ya hapo hakupiga tena sinema ya mzuka. Watu walimwomba, waliokuwa na vibanda walimsihi. Alijibu kwamba mwenye marahaba yake amekwenda. Akahamia Msalato, kanda zikatoka zikaja sahani za video, tukaonana mara chache.

Safari mbili za mwisho nazikumbuka vizuri kuliko zote. Tulikwenda watatu. Yona sasa ana karakana ya useremala. Seche ana kamera yake ndogo inayoingia mfukoni, anapiga harusi, na anasema anajua zitakavyoisha kabla hazijaanza. Tulimkuta kakaa nje, mwembamba, kichwa cheupe chote. Ameacha piko.

"Mko wangapi?" akauliza kabla hatujafika.

"Watatu."

"Endeleeni."

Mapajani alikuwa na daftari. Marehemu Hajambo, sehemu ya nne.

"Mzuka atakuwa nani?" Seche akauliza.

"Mimi." Akanigeukia. "Lile koti lipo?"

Lilikuwepo. Nilimweleza na habari ya kanda. Baba mdogo ameiweka ndani ya sanduku lake la mabati Mvumi, pamoja na cheti cha ubatizo. Hajawahi kuwa na mashine ya kuionyesha. Husema hana haja, anaijua. Bwana Sinema alisikiliza, akatikisa kichwa. "Kipande kizuri kile," akasema.

Jumamosi iliyofuata tulirudi. Safari hii sikulegeza mishono ya koti, niliikaza. Yona akampandisha nyuma ya baiskeli, upande wa pili wa ua. Hakuhitaji unga. Kazi yangu ilikuwa kuanika nguo, kugeuka, kumwona marehemu, kupiga ukelele na kuangusha beseni.

"Dada, nakujua," Seche alinionya, jicho kwenye kamera. "Hakuna kumwamkia marehemu!"

"Betri inaisha!" marehemu akafoka kutoka nyuma ya minyaa.

Tukaanza. Nikaanika shuka. Nikageuka. Akaja akiteleza juu ya majani, hakuna hatua, hakuna kutikisika, mvi zinang'aa juani, koti la baba mabegani. Nilifungua mdomo nipige ukelele.

"Shikamoo," nikasema.

Nyuma ya kamera Seche akaguna, lakini hakukata. Baiskeli ikasimama. Bwana Sinema alinitazama juu ya ua, nami nikangoja anifokee kwamba yeye bado kijana.

"Marahaba," akasema. "Mko wangapi?"

"Watatu."

"Endeleeni."

Na baiskeli ikaanza kwenda tena.